Mzaha Ukidoda, Tazama Ulipojikwaa

Kila anayeandika tamthilia ya vichekesho ya runinga, sitkomu kama wenye kazi yao wanavyoiita, anakijua kile kimya. Mwigizaji amemaliza mstari wake, ametua kidogo kuacha nafasi ya kicheko, na kicheko hakikuja. Ni sekunde moja tu, lakini kila mtu studioni ameisikia. Waandishi wengi hapo huukimbilia mstari ule ule uliododa na kuanza kuupaka rangi. Wanatafuta neno kali zaidi, wanachomeka tusi dogo, wanamwambia mwigizaji apandishe sauti. Mara nyingi ni kazi bure. Wahenga walishasema usitazame ulipoangukia, tazama ulipojikwaa, na kwenye skripti ya vichekesho methali hiyo ni maelekezo ya kazi kabisa. Mstari uliododa ni pale ulipoangukia. Ulipojikwaa ni mistari mitatu nyuma, na pengine kurasa kumi nyuma.

Mzaha wa kwenye mazungumzo ni mtego. Kuna kutega na kuna kufyatuka. Kutega ni kumpa mtazamaji kitu cha kuamini, na kufyatuka ni kumwonyesha ghafla kwamba alichoamini sicho. Chambo lazima akile mwenyewe. Kama hakuamini chochote, hakuna cha kugeuza, na neno la mwisho hata liwe kali namna gani litapita kama maneno mengine.

Chukua mfano mdogo. Jino linamuuma Sudi wiki ya pili sasa, na mkewe Zena amechoka kusikia anavyogugumia usiku. Rasimu ya kwanza inaweza kuwa hivi:

ZENA: Mbona huendi kwa daktari wa meno? Unaogopa?
SUDI: Siogopi, ila juzi nilifika mpaka getini, mlinzi akaniambia niingie, nikaona bora nirudi zangu tu, maana nilikuwa na kazi nyingi siku ile.

Hapa hakuna atakayecheka, na sababu zipo waziwazi. Zena ameshasema "unaogopa", kwa hiyo siri imetoka kabla Sudi hajafungua mdomo. Sudi naye anasimulia kila hatua mwanzo hadi mwisho, hajamwachia mtazamaji kazi yoyote. Kisha baada ya neno pekee lenye uhai, "getini", yamerundikwa maneno zaidi ya kumi. Hata kama mtu angetaka kucheka, asingepata pa kuingilia. Sasa rasimu ya pili:

ZENA: Kamwone daktari wa meno.
SUDI: Nilikwenda juzi.
ZENA: (uso unachanua) Kumbe! Akasemaje?
SUDI: Alisema kama siingii, nisizibe geti.

Chambo ni "nilikwenda juzi". Zena amekila, na mtazamaji amekila pamoja naye, ndiyo maana ule uso unaochanua haufai kuondolewa hata kama dakika zimebana. Pigo, yaani kule kufyatuka, linatua usoni mwake. Neno "mlinzi" halimo kabisa. Mtazamaji ndiye anayeligundua mwenyewe, na kicheko ni ile furaha ya kuligundua. Rudisha neno hilo moja, "mlinzi alisema", na umemnyang'anya kazi yake. Halafu "geti" ndilo neno la mwisho. Likishatamkwa, mdomo unafungwa.

Hili la neno la mwisho linahitaji uangalifu wa pekee kwa anayeandika Kiswahili, kwa sababu lugha yetu ina mikia mingi mitamu: tu, kabisa, bwana, yaani, kwa kweli, siku ile, ujue. Katika maongezi mikia hiyo ni asali. Kwenye mzaha ni sumu. Na tatizo ni kwamba hata mwandishi akiikata, mwigizaji mwenye ulimi mwepesi huirudisha bila kujua: "nisizibe geti, bwana". Mwongozaji anayeandika maelezo ya mazoezi asiridhike na kusema "harakisha". Aseme waziwazi: malizia kwenye "geti", usiongeze kitu.

Sarufi nayo hufichua siri kabla ya wakati. Mizaha mingi inayododa ilitafsiriwa kichwani kutoka lugha nyingine, na ikafia kwenye kiambishi. Tuseme unataka mtazamaji adhani mhusika anamzungumzia mchumba wake, kumbe anazungumzia gari. Kwa Kiswahili mzaha huo umekufa kabla haujazaliwa, maana atalazimika kusema "nimelipenda", na ile "li" imeshatangaza kwamba si mtu. Lakini geuza upande wa pili uone utajiri uliopo. Mnyama anachukua upatanisho wa mtu. "Amelala kitandani kwangu, hataki kutoka, na anakoroma" inaweza kuwa shemeji, na inaweza kuwa paka. Kiswahili pia hakitenganishi mwanamume na mwanamke kwenye "a" wala "yeye", hivyo ukitaka kuficha kama anayekuja kesho ni mwanamume au mwanamke unaweza kuficha kwa kurasa tatu nzima bila kujipinda. Mfano wa Sudi unasimama juu ya hilo hilo: "akasemaje" ya Zena ni ya daktari, "alisema" ya Sudi ni ya mlinzi, na herufi ni ile ile. Anayeandika kwa kufuata mitego ambayo lugha yenyewe inaitega bure anapata nusu ya kazi imeshafanywa.

Ukanushi nao uangalie. "Sikuingia" inatoa habari kwenye silabi ya kwanza. Kama mshangao wenyewe ni kule kutoingia, tafuta njia ya kuonyesha kutoingia bila kutamka kitenzi hicho.

Tukirudi kwenye kimya, kosa kubwa ni kukichukulia kama kitu kimoja. Vimya vina sauti tofauti, na anayekaa studioni au nyuma ya mtazamaji sebuleni anaweza kuvitofautisha akizoeza masikio.

Kuna kimya cha kutoelewa. Kicheko kinakuja vipandevipande, mmoja hapa, mwingine kule, kimechelewa sekunde nzima. Hapo watu wamekosa habari fulani: jina lililotajwa mara moja tu wakati mlango ukibamizwa, au deni lililozungumzwa kwenye onyesho la kwanza ambalo kila mtu ameshalisahau. Dawa haipo kwenye mstari wa kuchekesha. Habari inayobeba mzaha itajwe mara mbili kwa namna mbili tofauti, au ionekane mara moja na isemwe mara moja. Umbali nao upimwe. Ikitajwa mstari mmoja kabla ya pigo, mtazamaji ananusa mtego. Ikitajwa kurasa kumi kabla, amesahau. Ukurasa mmoja au miwili nyuma, huku jambo jingine likiendelea juu yake, ndio umbali unaofaa mara nyingi.

Kuna kimya cha waliotangulia. Hawa wameelewa mno. Utasikia kicheko kidogo kikianza kabla mstari haujaisha, kisha kinazimika pale ambapo kingepaswa kulipuka. Mtego umewekwa wazi mno. Hapa unapunguza: futa mstari mzima uliotangulia, au ondoa maneno mawili kwenye kutega, usikie tofauti. Orodha ya vitu vitatu, viwili vya kawaida na cha tatu cha ajabu, ndiyo inayoongoza kwa ugonjwa huu. Mtazamaji ameiona mara nyingi mno, na akisikia cha pili anakuwa ameshajiandaa kwa cha tatu. Vunja kwenye cha pili, au maliza orodha kikawaida kisha acha mhusika mwingine aikamate.

Kuna kimya cha huruma, ambacho ni kifupi na kinaambatana na pumzi inayovutwa ndani. Mtu ameanguka kwenye ngazi na sauti ya kuanguka imewekwa nzito kuliko inavyohitajika, au mhusika ametaniwa juu ya kitu ambacho onyesho lililopita lilituonyesha akikililia. Kwa anguko, mpe mtazamaji uhakika upesi: mkono unaopanda juu ukishika bado kile kikombe, au sauti inayosema "nipo". Kwa utani unaoumiza, mwenye jeraha ndiye autoe juu yake mwenyewe, au usogezwe mbele, mbali na machozi.

Na kuna kimya cha kutoamini, ambacho ndicho kigumu kuliko vyote. Mstari ni mzuri, habari ipo, maneno yamepangika, na bado watu wanakaa kimya. Tatizo ni kwamba yule mhusika asingesema hivyo. Ni mwandishi aliyesema, akiutumia mdomo wake. Kipimo chake ni cha zamani na hakijawahi kuchakaa: funika majina ya wahusika kwenye skripti kwa karatasi, kisha soma mistari peke yake. Ikiwa mzaha unaweza kusemwa na yeyote kati yao, basi si wa yeyote kati yao. Mhusika wa sitkomu hajui kwamba yumo kwenye sitkomu. Sudi anapolitaja geti hataki kuchekesha. Anataka Zena amwache apumzike, na anaamini ametoa utetezi kamili wa mtu mzima aliyetimiza wajibu wake. Mwigizaji akitabasamu hapo hata kwa ukingo wa mdomo, mambo yamekwisha. Kwa hiyo kimya cha namna hii kikitokea, swali la kwanza ni hili: katika onyesho hili kila mmoja anataka nini, na anakitaka kwa kiasi gani? Onyesho ambalo hakuna anayetaka kitu huwa linaomba mizaha kwa mkopo, moja baada ya nyingine, na yote hudoda kwa pamoja. Hakuna mstari utakaoliokoa. Mpe mtu haja, mpe mwingine sababu ya kumzuia, na utashangaa mistari ile ile ya jana inavyoamka.

Sasa mpangilio wa kazi. Sitkomu za Marekani zinazopigwa mbele ya hadhira kwa kawaida huenda kwa mzunguko wa siku tano: usomaji wa mezani, ambapo waigizaji huketi na kusoma skripti nzima kwa sauti, siku mbili hivi za mazoezi ambapo waandishi huja kutazama na kurudi kuandika upya, siku ya kupanga kamera, kisha usiku wa kupiga picha mbele ya watu mia mbili au tatu. Kipindi cha nusu saa hubaki na takriban dakika 22 baada ya matangazo, na skripti yake, iliyochapwa kwa nafasi pana, hufika kurasa 45 hadi 50. Ina maana ukurasa mmoja ni kama nusu dakika. Hesabu hiyo ishike kichwani, ina kazi baadaye.

Kwenye usomaji wa mezani mtu mmoja asifanye kitu kingine ila kuweka alama: sifuri kwa kimya, moja kwa kicheko kidogo, mbili kwa kikubwa. Asitegemee kumbukumbu, aandike pembeni ya mstari wakati ule ule. Mazoezi yanayofuata aweke tena, kwa kalamu ya rangi nyingine. Mzaha uliopata sifuri mara mbili unatengenezwa au unaondoka. Lakini mzaha uliopata mbili siku ya kwanza na sifuri siku ya nne haujaharibika. Ninyi ndio mmeusikia mara kumi. Hapa ndipo mizaha mizuri inapouawa kwa wingi: saa tano usiku, chumba cha waandishi kimechoka, mtu anatoa mstari mpya, wote wanaanguka kwa kicheko kwa sababu ni mpya, na ule wa zamani unafutwa. Usiku wa hadhira, ule mpya unadoda. Watu wa nje hawakuwamo chumbani. Hawajui utani wa ndani uliozaliwa saa nne, wala hawajachoka kiasi cha kucheka chochote. Ile karatasi yenye alama za siku ya kwanza ndiyo wakili wa mizaha ya namna hiyo, itunzwe.

Kwa kila mzaha wenye shaka, andaeni miwili au mitatu ya akiba kwenye kadi kabla ya usiku wa kupiga picha. Hadhira iliyokwisha kuusikia mzaha haitaucheka tena kwa nguvu ile ile, hivyo mkirudia onyesho kwa maneno yale yale mtapata kicheko cha adabu. Mkirudia kwa mfyatuko mpya, mshangao unarudi. Akiba hizo lakini ziwe za mtego ule ule. Mkibadilisha mfyatuko huku kutega kuna kasoro, mtadodesha mizaha mitatu badala ya mmoja.

Utaratibu huu wa kamera kadhaa na hadhira ulipata umbo lake mashuhuri mwaka 1951 na sitkomu ya Marekani I Love Lucy, ambapo mpiga picha Karl Freund alipanga taa ili kamera tatu za filamu zifanye kazi kwa wakati mmoja mbele ya watu. Faida yake kwa mzaha ni kubwa: pigo, uso wa anayelipokea na kicheko chenyewe vinanaswa vikiwa hai, na mwigizaji analazimika kujifunza kusubiri. Kusubiri ni ufundi. Kicheko hupanda, hufika kileleni, kisha hushuka. Mstari unaofuata uingie kinaposhuka, kabla hakijaisha kabisa. Ukiingia mapema, maneno yanazama, na watu hujifunza kutocheka ili wasikose kinachosemwa. Ukichelewa, kasi inakatika. Tamthilia zinazopigwa kwa kamera moja bila hadhira hazina mwalimu huyo. Kule hakuna anayekisikia kimya siku ya kupiga picha. Kinagunduliwa kwenye chumba cha uhariri, wakati seti imeshabomolewa.

Mhariri ana njia zake, na baadhi ni za ajabu kwa udogo wake. Kwa picha ya fremu 25 kwa sekunde, yaani picha tuli 25 zinazopita kila sekunde, fremu sita ni robo ya sekunde hivi, na robo hiyo inatosha kuua au kufufua. Kosa la kawaida ni kukata kwenda kwa msikilizaji kabla neno la mwisho halijaisha, jicho linahama na sikio linalipoteza neno. Acha litamkwe kwanza, kisha nenda kwa Zena, ukae naye zaidi ya unavyodhani ni lazima. Mara nyingi ndipo kicheko kinapotoka, si kwenye mstari wenyewe. Kwa vichekesho vya mwili, tumia picha pana: mtu na kile anachokwenda kukikanyaga vionekane kwenye fremu moja. Ukimwonyesha yeye peke yake, halafu ndoo peke yake, umeeleza habari ya ajali, hujachekesha.

Na ukiwa na mzaha ambao umekufa na huwezi kuuondoa kwa sababu umebeba habari ya hadithi, ondoa ile tuo baada yake. Mwigizaji alitua akisubiri kicheko, na tuo hiyo ndiyo inayomtangazia mtazamaji kwamba hapa palikuwa na mzaha na umeanguka. Ibane, mjibu aingie mara moja, na mstari utapita kama maongezi ya kawaida. Hakuna atakayejua. Kumbuka tu kukagua kama mzaha huo unarejelewa mbele. Ukifa mara ya kwanza, marejeo yake mawili nayo ni maiti, na lazima yaondoke yote.

Kubandika kicheko cha kurekodiwa hakusaidii kama watu wanavyodhani. Charley Douglass, fundi sauti wa Marekani, alitengeneza katika miaka ya 1950 mashine yenye vibonye na kanyagio iliyopiga vicheko vilivyorekodiwa, na kwa miongo kadhaa vikatumika kujaza mapengo. Kinachojaza pengo la sauti hakijazi pengo la maana. Kwenye M*A*S*H, sitkomu ya hospitali ya jeshi vitani iliyorushwa kuanzia 1972 hadi 1983, watengenezaji hawakukitaka kicheko hicho. CBS, kituo kilichoirusha, ilikishikilia, lakini maonyesho ya chumba cha upasuaji yakaachwa bila kicheko. Uamuzi huo ulikuwa sahihi. Juu ya majeruhi, kicheko cha kubandika kinageuka kejeli kwa mtazamaji. Hata pasipo na majeruhi, mzaha dhaifu ukipigiwa kicheko kikubwa mtu nyumbani anaona kasoro mara mbili, ya mstari na ya udanganyifu.

Liko jambo moja la pembeni lakini zito: mzaha uliokusudiwa kudoda. Mhusika anajiona mcheshi, anatoa utani mbaya, na hakuna anayecheka. Hapo kimya ndicho kichekesho, ila kinahitaji mashahidi. Pawe na angalau mtu mmoja ndani ya onyesho anayekipokea kimya kile kwa uso wake, na kudoda kule kumgharimu msemaji kitu: kazi, mwaliko, heshima mbele ya mkwe. Bila shahidi na bila gharama, mtazamaji hana namna ya kujua kama aliyeshindwa ni mhusika au ni mwandishi, na akiwa na shaka atamhukumu mwandishi.

Kabla kipindi hakijatoka, mweke mbele ya runinga mtu ambaye hajasoma skripti. Wewe kaa pembeni, utazame uso wake, si kioo. Usimwulize chochote. Shika saa na kalamu. Mkono wake ukienda kwenye simu dakika ya 9 na sekunde 40, hapo ni kwenye ukurasa wa 20 hivi. Fungua skripti, lakini anza kusoma ukurasa wa 17.